Nsembelu wa Tangi la Kahawa

Kila nilipofika penye maji nimeuliza habari za samaki mmoja. Nimewauliza wavuvi wa Kasanga na wa Mpulungu, nimewauliza wanawake wa Kyela wanaouza mbasa, nimemuuliza hata mzee mmoja wa Vwawa anayefuga perege kwenye bwawa lililo nyuma ya choo chake. Hakuna anayemjua. Juzi hapa Tunduma nilimuuliza mama wa Kizambia ninayenunua dagaa wa kapenta kwake. Nilimweleza kwamba samaki huyo anaitwa nsembelu, ana ukubwa wa kiganja, na tumboni ana mwanga kama wa kaa la moto lililopulizwa. Akaniuliza ni wa ziwa gani. Nikasema ni wa Ikasya. Akafikiri kidogo, akauliza kama hiyo Ikasya iko Kongo, halafu, huku akinijazia kopo, akauliza kwa upole kama mtu akimla huyo samaki tumbo lake nalo linawaka.

Nilicheka. Miaka yote niliyoishi na samaki huyo, hakuna aliyewahi kufikiria kumla.

Nilipokuwa naondoka, mtoto wa kibanda cha jirani aliangusha ndoo ya togwa iliyokwisha kuchacha. Ikatiririka mpaka kwenye matairi ya lori lililokuwa likisubiri kuvuka, na harufu yake ikapanda. Togwa iliyochacha na kahawa iliyolala majini ni ndugu wa tumbo moja. Nikasimama pale na mfuko wangu wa kapenta, madereva wakinipigia honi nipishe, na mimi sikuwa Tunduma tena. Nilikuwa kijijini kwetu Hasamba, kwenye kibanda cha Babu cha kukobolea kahawa, sina meno ya mbele, na miguu yangu imelowa maji ya kahawa mpaka magotini.

Babu yangu alikuwa Mndali. Alihama Ileje akiwa kijana, akitafuta ardhi, akapata shamba Hasamba na kupanda kahawa na migomba. Mama yangu naye alitoka Undali, karibu na Itumba, akaletwa na Baba kuolewa pale. Wenzangu mliokulia kwenye koo zetu mnajua maana yake. Mkamwana hamtazami baba mkwe wake usoni. Hazungumzi naye, hali naye, hapiti njia anayopita yeye, jina lake halitaji, na hata maneno yanayofanana na jina hilo huyakwepa kama mtu anayezunguka shimo. Wengi siku hizi wameulegeza mwiko huo, na hata wakati ule walikuwepo majirani waliomcheka Mama kwa kuushika mno. Mama hakujali. Kwake kumkimbia Babu ilikuwa heshima, na heshima ndiyo kitu pekee alichokuja nacho kutoka kwao ambacho kilikuwa hakijachakaa.

Bibi alipokuwa hai, yeye ndiye aliyekuwa mdomo kati yao. Bibi simkumbuki vizuri. Nakumbuka viganja vyake tu, vikavu na vyenye harufu ya majivu. Alipofariki, Baba akawa ndiye mdomo, lakini Baba alikuwa dereva wa lori, mdomo wa kuja na kuondoka. Safari moja alikwenda Kongo na mzigo wa saruji, na hakurudi. Hakukuwa na habari ya ajali, hakukuwa na maiti, na lori nalo halikuonekana. Madereva wenzake waliopita kutusalimu kila mmoja alikuja na lake: huyu kasikia yuko Lubumbashi na mwanamke mwingine, yule kasikia amefungwa, mwingine hakusikia kitu ila alikula ugali na kuondoka. Tukabaki watatu kwenye boma lile: mzee asiyeruhusiwa kumwona mkamwana wake, mwanamke asiyeruhusiwa kumwona mkwewe, na mimi niliyeruhusiwa kumwona kila mtu.

Kahawa haingoji watu wapange namna ya kukutana. Ikishaiva inataka kuchumwa, ikishachumwa inataka kukobolewa siku hiyo hiyo, na baada ya kulala majini inataka kuoshwa. Kazi hiyo waliigawana kwa ufundi ambao sijauona tena popote nilipozunguka. Babu alipokuja kibandani alikohoa kutoka mbali, kikohozi kirefu, na Mama akatoka kwa mlango wa nyuma, upande wa migomba, kitenge kikiwa kichwani. Babu alimimina kahawa mbivu kwenye mashine na kuzungusha mpini, maganda mekundu yakaruka upande huu, punje zenye ulenda, ule ute wake unaoteleza, zikaporomoka kwenye tangi. Alipomaliza alikohoa tena, kwa kifupi, akaenda zake kwenye vichanja vya kuanikia. Ndipo Mama alipoingia kuosha. Mara nyingi nilishika ule mpini wa mashine wakati Mama anafunga kitenge chake kiunoni, na ulikuwa bado na joto la mikono ya Babu. Mgeni angeweza kudhani kahawa ya nyumba ile inajikoboa na kujiosha yenyewe.

Maneno yao niliyabeba mimi. "Mke wangu," Babu angeniita, kama babu wote wanavyowaita wajukuu wao wa kike, "kamwambie mama yako mbao za chini za tangi zimelegea, azitazame." Nami nilikimbia kwenye migomba na kusema: Babu anasema mbao za chini zimelegea. Mama hakusema kamwe "sawa" ikaisha hapo. Alisema, "Mwambie baba yangu nimesikia, na nashukuru." Nilirudi mbio na shukrani hizo. Babu alinitania kwamba mke asiye na meno anakula polepole lakini anasema upesi, na kwamba ningechelewa siku moja angedai ng'ombe wake warudishwe.

Bati la kibanda lilikuwa kuukuu. Baba alilinunua likiwa limeshatumika kwenye jengo jingine, na lilikuwa limejaa matundu ya misumari ya zamani. Alisema angeyaziba akirudi. Mchana, jua lilipokaa juu, mwanga uliingia kwenye yale matundu na kuanguka ndani ya tangi, na kwa kuwa maji ya mfereji yalikuwa yakiingia na kutoka, vile vidoa vya mwanga havikutulia. Viliogelea. Vilikutana, vikaachana, vikajificha chini ya povu na kutokea upande wa pili. Nilivitazama siku nzima, kisha nikamuuliza Babu ni nini.

Babu aliacha kuzungusha mashine. Alikuja akainama kando yangu, akatazama kwa makini kama mtu anayekagua ng'ombe wa kununua.

"Hao ni nsembelu," akasema.

Nikauliza wametoka wapi. Akasema wametoka Ikasya, nchi iliyo chini ya mizizi ya kahawa, kule maji yanakokwenda yakishanywewa na udongo. Huko hakuna jua. Kila nyumba ina chungu mlangoni, na ndani ya chungu anaishi nsembelu mmoja anayewaka tumboni, ndiye taa yao. Mgeni akiwa njiani, nsembelu huanza kung'aa kabla hajabisha hodi, kwa hiyo kule Ikasya hakuna mgeni anayekuta chakula hakijapikwa. Kwenye madimbwi makubwa, nsembelu mkubwa na nsembelu mdogo huishi pamoja, mmoja juu na mmoja chini, lakini hawatazamani machoni. Siku macho yao yakikutana, mwanga unazimika. Alisema yote hayo huku akiokota maganda yaliyoangukia kwenye maji, bila kutabasamu hata kidogo, nami sikumwona mtu anayetunga. Nilimwona mtu anayekumbuka.

Mama alipoingia kuosha nilimweleza. Nilitegemea atacheka. Alikuwa ndani ya mfereji wa kuoshea, akiikanyaga kahawa kwa miguu ili ulenda utoke, na aliendelea kukanyaga. Halafu akauliza kama Babu ameniambia wanakula nini. Nikasema hapana.

"Wanakula ulenda wa kahawa," Mama akasema. "Ndiyo maana tunailaza majini. Wasingekuwa wao, kahawa hii isingetakata mpaka Krismasi."

Sitasahau nilivyoshtuka. Mama naye anaijua Ikasya! Nilifikiri jambo hilo siku nzima, na jibu nililolipata lilikuwa kamili, halina ufa: wote wawili walikwisha kufika huko zamani, kabla sijazaliwa, kila mmoja kwa njia yake, na huko ndiko walikogombana. Ndiyo maana hawatazamani. Mambo ya ukwe na heshima nilikuwa nimeyasikia, lakini yalikuwa maneno ya watu wazima tu. Ugomvi wa Ikasya niliuelewa.

Basi msimu ule wa kahawa nilibeba nchi nzima mikononi. Asubuhi Babu alinipa kipande, mchana nilimpelekea Mama, jioni nilirudi na kipande kingine. Babu alisema watu wa Ikasya wanatembea bila viatu kwa sababu ardhi yao ina joto kama mgongo wa ng'ombe. Mama akasema wanawake wa huko wanasuka nyavu, si za kuvulia bali za samaki kupumzikia, maana nsembelu akiwaka sana anachoka. Babu aliposikia habari ya nyavu alisimama na pumba mkononi, kuku wakimzunguka, akasema, "Hee. Amesema hivyo?" Akacheka peke yake mpaka kwenye vichanja. Siku moja Babu alieleza habari za magamba ya nsembelu, jinsi yanavyometa. Mama alinisikiliza mpaka mwisho.

"Mwambie baba yangu, kwa heshima zote," akasema, "nsembelu hana magamba. Angekuwa na magamba, mwanga ungepita wapi?"

Nilikwenda polepole siku hiyo, nikiogopa vita vya Ikasya vitaanza upya. Babu alikuna kidevu. Akasema nimwambie mama yangu kwamba ni kweli, yeye aliwaona kwa mbali, na macho yake hata wakati ule hayakuwa mazuri. Nilipompa Mama jibu hilo aliinama haraka juu ya kahawa, lakini niliona shavu lake limevimba kwa kicheko.

Halafu akaja Mjomba. Alikuwa kaka mkubwa wa Mama, amepanda gari Itumba asubuhi na kufika kwetu na vumbi hadi kwenye nyusi, mtu wa sauti kubwa na moyo mwepesi, aliyeniletea miwa. Alikaa kwenye kigoda cha mgeni mbele ya Babu, nami nilikaa nyuma ya mlango na muwa wangu, nikisikia kila kitu. Alisema dada yake bado ni kijana. Alisema mwanamke hawezi kumalizia ujana wake akimsubiri mtu ambaye hata polisi hawana habari zake. Kwao wamekubaliana arudi nyumbani, aanze upya. Mtoto, akasema, bila shaka ni wa ukoo huu, atabaki.

Mtoto nilikuwa mimi. Niliacha kutafuna.

Babu alijibu kwamba yeye hajamfunga mtu kamba, aulizwe mwenyewe. Mjomba akaenda jikoni. Mama akamjibu kwamba yeye aliletwa pale kwa ng'ombe wa mzee, mbele ya watu, na hawezi kuondoka kwenye nyumba ile kama mzee mwenyewe hajamruhusu. Lakini pia hawezi kung'ang'ania kukaa, kama pengine amekuwa mzigo. Mjomba akarudi sebuleni. Babu akasema mzigo hajauona. Mjomba akaenda jikoni. Mama akasema mzee ni mpole, hawezi kusema wazi. Nadhani Mjomba alifanya safari hizo mpaka visigino vikamuuma. Mwishoni alisimama katikati ya ua, akasema kwa sauti ya kusikika pande zote kwamba nyumba hii ina watu wazima wawili na hakuna wa kumuuliza. Atarudi kahawa ya mwisho ikishakauka, na akikuta hakuna neno lililonyooka ataondoka na dada yake. Akaniaga kwa kunishika kichwa, akaenda.

Tangu siku hiyo, habari za Ikasya zilibadilika. Babu alikaa siku kadhaa bila kunipa kitu. Kisha asubuhi moja yenye ule ubaridi wetu wa kuchoma masikio, akaniita karibu.

"Mke wangu, kamuulize mama yako. Nsembelu mdogo, mwenzake akishuka na mto asirudi, yeye hufanya nini?"

Nilimuuliza. Mama aliacha kukanyaga kahawa. Maji yalimpita kwenye vifundo vya miguu na yeye amesimama tu. Kesho yake ndipo aliponipa jibu, akalirudia ili nisikosee: inategemea nsembelu mkubwa. Kama mkubwa amechoka kuishi naye dimbwi moja, mdogo ataona mwanga wa mwenzake umefifia, ataondoka bila kuambiwa.

Babu aliposikia hayo alikaa chini, pale pale kwenye maganda.

"Kamwambie mkubwa hajachoka," akasema. "Ila mkubwa ni mzee, anaogopa kumfungia mdogo kwenye maji yanayokauka. Mdogo akitaka kurudi kwenye mto wa juu alikozaliwa, mkubwa hatazima taa. Atammulikia njia mpaka afike."

Niliyapeleka maneno hayo yote, sikupunguza hata moja. Mama alinipa mgongo, akachota maji ya kahawa, yale yale machafu, akanawa uso.

Ninyi mnaosoma mmekwisha kuelewa, lakini mimi nilikuwa mtoto, na kichwani mwangu yale yalikuwa matatizo mawili yaliyo mbali kabisa. Moja lilikuwa kwamba Mjomba atamchukua Mama. La pili lilikuwa kwamba nsembelu mdogo anataka kuhama kwenye tangi letu. Kuhusu Mama sikuwa na la kufanya. Mjomba alikuwa na sauti kubwa na ndevu. Kuhusu samaki, niliweza.

Siku ile ile, Babu akiwa kwenye vichanja na Mama amekwenda kwenye migomba kutafuta majani makavu ya kuwashia, niliingia kibandani peke yangu. Vidoa vya mwanga vilikuwa vikiogelea. Nilijua njia yao ya kutokea, ni lile tundu la ubavuni maji yanapotokea kwenda bondeni. Nikalijaza majani ya mgomba, nikapiga udongo juu yake, nikakalia. Maji ya mfereji yakaendelea kuingia. Yalipanda polepole, yakazifunika punje zilizokuwa zimelala chini, yakafika ukingoni, na kadiri yalivyopanda ndivyo wale nsembelu walivyocheza juu yake wakisogea karibu na uso wangu. Nilidhani wananishukuru.

Tangi lile lilikuwa la saruji pande tatu, na upande wa nne ulikuwa wa mbao zilizopachikwa, ndizo Mama alizozipachua moja moja akitaka kuosha. Mbao za chini, kama Babu alivyosema, zilikuwa zimelegea. Zikaanza kulia. Kisha zikaachia.

Kahawa ya siku zote zile za kuchuma ilitoka kama ng'ombe waliofunguliwa zizi. Ilipita mfereji, ikapita ua, ikaelekea bondeni. Nikapiga kelele. Babu akaja mbio kutoka kwenye vichanja na hakukohoa. Mama akaja mbio kutoka kwenye migomba na hakusikiliza kama kuna kikohozi. Wakafika kibandani kwa pamoja, huyu mlango huu na huyu mlango ule, tangi likiwa katikati.

Walitazamana. Sijui ni kwa muda gani, ila nilipata nafasi ya kumtazama mmoja na kumtazama mwingine, na wote walikuwa na sura moja, sura ya watu waliokamatwa. Mimi nikatazama kwenye tangi. Maji yalikuwa yamekwisha. Palikuwa na saruji iliyolowa na matope ya ulenda, na hapakuwa na mwanga hata mmoja unaoogelea. Macho yamekutana, na nsembelu wamezimika, vile vile Babu alivyosema.

Hapo nililia kilio ambacho majirani walikizungumzia baadaye.

Babu alikuwa wa kwanza kugeuka. Aliupa uso wake ukuta. Mama alivuta kitenge mpaka kidevuni na kuchuchumaa. Kahawa bado ilikuwa inakwenda.

"Mke wangu," Babu akauambia ukuta. "Mwambie mama yako akafunge maji juu."

Mama alikuwa hapo hapo, ningeweza kumgusa. Nikamgeukia, nikasema katikati ya kwikwi: Babu anasema ukafunge maji juu.

"Mwambie baba yangu nimekwenda," Mama akasema, na akaenda.

Wakaiokoa kahawa namna hiyo. Walikusanya kwa vikapu kwenye nyasi, wamepeana migongo, mmoja akishuka huku mwingine akipanda, wakirudi kinyumenyume, na kila mara mmoja alipokaribia kumgonga mwenzake niliambiwa nimwambie asimame. Babu alisema nimwambie achukue kikapu kikubwa. Mama alisema nimwambie baba asiiname, mgongo wake mbaya, aache ya chini. Babu alisema nimwambie mgongo ni wake. Niliyasema yote kwa uaminifu, machozi na kamasi vikinitoka, kwa watu ambao kila mmoja alikwisha kusikia.

Ilipobaki ile iliyoingia kwenye matope, Babu aliketi juu ya kikapu kilichopinduliwa, mgongo kwetu, akauliza ni nini nimefanya. Nikasema nimewaua nsembelu. Nikasema nilitaka kumzuia yule mdogo asiondoke, kwa sababu yeye mwenyewe alisema atammulikia njia, na kwa nini ammulikie njia badala ya kumwambia akae, na sasa wametazamana na taa zimezimika na wote wamekufa. Nilisema hayo kwa hasira. Mtoto wa kwetu hasemi na babu yake hivyo.

Hakuna aliyenikaripia.

"Mwambie baba yangu," Mama akasema nyuma yangu, na sauti yake ilikuwa kubwa, si ya kumwambia mtoto, "nsembelu mdogo hajawahi kusema anataka kuondoka. Alikuwa anasubiri kuambiwa abaki."

Nilifungua mdomo nirudie. Babu aliinua mkono kunizuia, bila kugeuka. Alikaa hivyo na mkono wake hewani, na niliona mabega yake yakipanda na kushuka.

"Mwambie abaki," akasema.

Nikamgeukia Mama. "Babu anasema ubaki."

Nilipokwisha kuyatamka ndipo nami nikayasikia. Nilimtazama Mama, nikamtazama yule mzee aliyetupa mgongo, nikajiona mjinga, na furaha niliyoipata haikunipa nafasi ya kuona aibu. Mama alikuwa amejifunika uso mzima. Kitenge kilitikisika, na mpaka leo sijui kama alikuwa akilia au akicheka.

Kwa kosa la macho kukutana palikuwa na desturi: mwenye kosa humpa mwenzake kuku. Lakini Mama alisema kosa ni lake, hakusikiliza. Na Babu alisema kosa ni lake, hakukohoa. Nikampelekea Babu jogoo kutoka kwa Mama, na siku hiyo hiyo nikampelekea Mama tetea kutoka kwa Babu. Mjomba aliporudi alikuta neno lililonyooka na kuku wawili. Alikula, akauliza kilichotokea, akaelezwa na mimi, na akasema hajawahi kusikia ukoo unaofanya mambo kupitia kwa samaki. Aliondoka peke yake, amebeba mkungu wa ndizi, na hakuonekana kama mtu aliyeshindwa.

Nsembelu walirudi. Tangi lilipojazwa tena na jua kukaa juu, walikuwepo wote, wanaogelea. Babu alieleza kwamba nsembelu akizimika hafi, anapumzika. Mama akasema hilo hata yeye alilijua.

Shule sikuimaliza. Kila kitu kilichopita barabarani nilitaka kujua kinakwenda wapi, na siku moja nilipanda gari nikajionee. Nimeuza mitumba Nakonde, nimepika kwenye kambi za wakata mbao, nimekaa Kapiri Mposhi msimu mzima kwa sababu tu nilipenda jina lake. Nilidhani nikiondoka mdomo wao umekatika, lakini simu zilikuwa zimefika Hasamba. Mama alikataa kabisa kusema na Babu kwenye simu. Sauti sikioni, alisema, ni karibu kuliko uso. Basi Babu alinipigia mimi. Nikiwa Zambia huko, katikati ya soko, simu inalia: "Mke wangu, mwambie mama yako mbuzi ameingia kwenye mahindi." Nilikata, nikampigia Mama, aliyekuwa amekaa upande wa pili wa ukuta. Alisema nimwambie baba amesikia, na anashukuru. Na kila mara, salio likiruhusu, mmoja wao aliongeza habari kidogo ya Ikasya. Wamejenga daraja. Mvua ya huko inanyesha kutoka chini kwenda juu.

Nilipopata fedha kidogo nilitaka kumnunulia Babu bati jipya la kibanda. Alikataa. Alisema kibanda cha kahawa kisichovuja si kibanda. Nilimsimulia Mama ukaidi huo, naye akanitazama kama mtu anayemtazama mjinga. "Ukiziba, wale wataishi wapi?" akasema.

Babu amefariki msimu huu wa baridi. Nilifika usiku, tukamzika kesho yake. Kabla jeneza halijafungwa, wazee walimwita Mama, maana mwiko wetu unaishia hapo. Mkamwana anaruhusiwa kumtazama. Watu walisogea kumpisha. Mama alishusha kitenge kutoka kichwani, akakikunja, akakishika mkononi. Nywele zake zimekuwa nyeupe na mimi sikujua. Alimtazama Babu usoni kwa utulivu, paji la uso, nyusi, masikio, kama mtu anayesoma kitu alichosimuliwa miaka mingi. Nilikuwa kando yake. Alinigeukia mimi.

"Mwambie baba yangu," akasema, "nsembelu mdogo bado yupo."

Niliinama juu ya jeneza nikamwambia, kwa sauti ya kawaida, kama nilivyokuwa nikifikisha maneno kibandani. Kisha, kwa mazoea tu, nikangoja kidogo, kama kuna jibu la kurudisha.